Wamesema watarudi na greda: nifanye nini kabla damu haijamwagika?

SWALI

Shikamoo mzee wakili. Mimi ni mjane, naishi katika kijiji kimoja wilaya ya Mkuranga. Shamba letu ni ekari tano, lina mikorosho na minazi michache. Mimi na marehemu mume wangu tulilifyeka likiwa pori mwaka 2004, baada ya baba mkwe kutugawia. Mume wangu alifariki 2019 na amezikwa humo humo. Mwezi uliopita shemeji yangu aliuza ekari tatu kwa mtu wa Dar es Salaam bila kunishirikisha. Alhamisi wakaja vijana kama kumi na watano wakiwa na mapanga na chenso, wakakata mikorosho kumi na moja, wakachimbia nguzo, wakasema baada ya wiki mbili watarudi na greda na atakayesimama mbele watamfukia. Wanangu wawili wa kiume wananoa mapanga, na wajomba zao wameshaahidi kuja. Polisi wameniambia hiyo ni kesi ya madai, niende baraza la ardhi. Mtendaji wa kijiji anasema nisubiri. Naomba kujua, kuna mahakama inayoweza kumzuia mtu kabla hajaleta fujo, au sheria inasubiri mpaka tuzikane?

JIBU

Marahaba, mwanangu. Pole kwa kufiwa, na pole kwa haya yaliyokufuata. Mahakama za namna hiyo zipo, na siku ulizobakiwa nazo zinatosha ukianza leo. Usisubiri wiki ijayo.

Naona kila uliyemwendea amekuchanganyia maswali mawili. Moja ni shamba ni la nani. Hilo lina mashahidi, nyaraka, mirathi na rufaa, na nimeona likila miaka kumi ya maisha ya watu. Lingine ni nani akae humo, nani avune na nani asiguse kitu, wakati lile la kwanza likitafutiwa jibu. Hili la pili linaweza kujibiwa ndani ya siku chache, na ndilo unalolihitaji sasa. Polisi walipokuambia "ni kesi ya madai" walikuwa wanajibu lile la kwanza. Greda inahusu la pili.

Nianze na polisi, maana umeondoka kituoni ukidhani mlango umefungwa.

Wana sababu ya kusema walivyosema. Tangu miaka ya tisini Mahakama Kuu imeshikilia kwamba mtu hawezi kutiwa hatiani kwa kosa la kuingia kwa jinai katika ardhi ambayo umiliki wake unagombaniwa na haujaamuliwa kwa kesi ya madai. Ni msimamo mzuri, kwa sababu bila huo kila mwenye ugomvi wa mpaka angemweka jirani yake mahabusu ili alime kwa raha. Kwa hiyo ukifika kituoni na kusema "fulani kavamia shamba langu, kanunua kwa shemeji", askari anasikia neno "kanunua" na kalamu inawekwa chini.

Rudi kituoni, ila safari hii usiseme habari ya mauzo kabla hujaulizwa. Eleza matendo. Siku ya Alhamisi, tarehe fulani, saa fulani, watu wasiopungua kumi na watano waliingia wakiwa na mapanga na chenso mahali ninapoishi na watoto wangu. Wamekata mikorosho kumi na moja yenye kuzaa. Wametamka kwamba watamfukia mtu, na wametaja siku ya kurudi. Hapo kuna kuharibu mali na kuna kutishia kwa vurugu. Lipo na kosa la tatu, ambalo hata baadhi ya mawakili vijana hawalikumbuki: kuingia kwenye ardhi kwa mabavu.

Kosa hili limo katika Kanuni ya Adhabu yetu, na mzizi wake ni sheria ya Uingereza ya mwaka 1381, enzi ambazo mabwana wa kule walinyang'anyana mashamba kwa kukusanya watu wenye silaha. Linasema hivi kwa maana yake: mtu akiingia kwenye ardhi ili aishike, na akaingia kwa vurugu, iwe kwa kumpiga mtu, kwa vitisho, kwa kuvunja nyumba au kwa kukusanya watu wengi kuliko kawaida, ametenda kosa, awe ana haki ya kuingia au hana. Rudia kusoma maneno ya mwisho. Hata kama mnunuzi ana karatasi safi, hata kama siku moja baraza litasema shamba ni lake, kuja na vijana kumi na watano wenye mapanga ni kosa. Sheria inamtaka mwenye haki apite mahakamani aje na dalali wa mahakama mchana kweupe.

Kwa hiyo hoja ya kwamba umiliki haujaamuliwa haiui kosa hili. Mwambie Mkuu wa Kituo hivyo kwa heshima, ikibidi kwa barua fupi ambayo utabaki na nakala yake iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Dai namba ya RB, yaani namba ya taarifa yako katika kitabu cha polisi. Mpitie na polisi kata wako, yeye ndiye atakayekuwa karibu siku ile.

Sasa wanao. Nitasema wazi, na uwasomee kipande hiki wakiwa wamekaa.

Sheria niliyoitaja haimhusu mnunuzi peke yake. Ninyi mmo ndani ya shamba, kwa hiyo hamhitaji kuingia kwa nguvu popote. Mnachohitaji ni kubaki. Wajomba wakija ishirini na mapanga, mbele ya polisi mtakuwa makundi mawili yenye silaha, na lile swali la nani alianza litapotea katika vumbi. Mtu ana haki ya kujilinda na kulinda mali yake kwa nguvu inayolingana na hatari iliyopo. Panga la kichwa kwa dereva wa greda aliyelipwa posho ya siku halilingani na chochote. Akifa, wanao watashtakiwa kwa mauaji, kosa ambalo halina dhamana na ambalo adhabu yake ni kunyongwa. Watakaa mahabusu miaka wakisubiri kesi, na wewe utabaki peke yako na ekari tano na shemeji. Nimeshika kesi za namna hiyo. Kijana analetwa mahakamani, mama yake yuko benchi la nyuma, na ile ardhi iliyoanzisha yote imeota majani kwa sababu hakuna aliyebaki kuilima.

Tuje kwenye mabaraza, huku ndiko zuio lako linakotoka.

Mwaka 2021 sheria ilibadilika na watu wengi vijijini hawajui. Baraza la Kata halitoi tena hukumu katika migogoro ya ardhi. Kazi yake sasa ni kusuluhisha. Wanakaa wajumbe watatu, mmoja wao angalau mwanamke, wanawaita mnazungumza. Mkikubaliana, vizuri. Mkishindwana, wanakupa hati kwamba usuluhishi umeshindikana, na kwa hati hiyo unakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Bila kupita kwao, Baraza la Wilaya halikusikilizi. Wakikaa siku thelathini bila kumaliza, sheria inakuruhusu kuendelea bila hati.

Bila shaka umeshapiga hesabu: wao siku thelathini, greda wiki mbili. Hapo ndipo wengi hukata tamaa, na ndipo pa kutumia akili.

Nenda Baraza la Kata kesho asubuhi na malalamiko ya maandishi, ukurasa mmoja tu. Omba mambo mawili. La kwanza, shemeji na mnunuzi waitwe ndani ya siku tatu kwa sababu kuna tishio la uvunjifu wa amani, na ambatanisha nakala ya RB. La pili, wakifika, kabla ya mazungumzo yoyote ya umiliki, pande zote zisaini kwamba hali ibaki kama ilivyo mpaka usuluhishi uishe: hakuna kukata, hakuna kujenga, hakuna kuleta mashine. Karatasi hiyo haina meno ya amri ya mahakama, ila akisaini kisha akaja na greda, utakuwa umempa hakimu au mwenyekiti wa baraza ushahidi wa nia mbaya ambao haukanushiki. Asipotokea kabisa, waombe waandike kwamba ameitwa na hakuja, na wakupe hati mapema. Hawalazimiki kumaliza siku thelathini ikiwa upande mmoja umegoma kufika.

Siku utakayoshika hati, uwe tayari na karatasi za Baraza la Wilaya. Hilo linaongozwa na mwenyekiti ambaye ni mwanasheria, akikaa na wazee wa baraza wawili, na lina uwezo wa kusikiliza madai ya kurudisha ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300, kwa hiyo shamba lako limo. Unapeleka vitu viwili kwa pamoja. Kimoja ni maombi ya msingi, yanayouliza shamba ni la nani. Kingine ni maombi madogo ya zuio la muda, chini ya hati ya dharura, yakiungwa mkono na kiapo chako. Watu hupeleka cha kwanza na kusahau cha pili. Kesi inapangiwa tarehe miezi miwili mbele, na katikati nyumba inabomolewa. Kufungua kesi peke yake hakumzuii mtu. Anayezuia ni ile amri.

Mwenyekiti atapima mambo matatu, yaliyowekwa katika uamuzi wa mwaka 1969 wa Atilio dhidi ya Mbowe, ambao mawakili wote wa nchi hii huutaja usingizini. Je, kuna hoja nzito ya kuamuliwa, yenye dalili ya kufaulu? Je, bila zuio utapata hasara ambayo fedha haiwezi kuifidia? Na nani ataumia zaidi, wewe ukinyimwa zuio au yeye akizuiwa?

Watu wengi huanguka kwenye la pili. Wanaandika "nitapata hasara kubwa isiyofidika" na kunyamaza, kana kwamba maneno hayo ni hirizi. Mwenyekiti anasoma viapo vya namna hiyo kila siku. Wewe andika unachokijua: mkorosho uliokatwa hauwi mkorosho tena kwa miaka, ni chakula na ada ya shule ya watoto wangu, na kaburi la mume wangu liko hatua kadhaa kutoka zilipochimbiwa nguzo. Greda ikipita juu ya kaburi, ni fedha gani italirudisha? Kaburi hilo ni jambo zito, mwanangu, kwa imani na kwa sheria. Lipige picha, na picha ionyeshe kaburi na nguzo kwa pamoja.

Kama hatari iko mlangoni, baraza linaweza kukusikiliza peke yako kwanza na kutoa amri ya siku chache mpaka upande wa pili uitwe. Sheria inaruhusu hivyo pale ambapo kumwita mtu kwanza kungeharibu lengo la zuio. Baada ya pande zote kusikilizwa, zuio lenyewe hutolewa kwa muda usiozidi miezi sita, na linaweza kuongezwa ilimradi jumla isipite mwaka mmoja. Weka tarehe hiyo ukutani! Nimemwona mama mmoja aliyekuwa na zuio zuri kabisa, amelihifadhi kwenye mfuko wa plastiki chini ya godoro, halafu upande wa pili wakavunja banda lake siku ya tatu baada ya miezi sita kuisha. Hawakuwa wamevunja amri yoyote. Amri ilikuwa imekufa.

Na hakikisha amri inasema wazi nani atavuna. Zuio linaloishia kwenye "hali ibaki kama ilivyo" huzaa vita vipya Oktoba korosho zikianza kudondoka, kila mmoja akisema hali iliyokuwepo ni yeye kuokota. Omba liandikwe kwamba wewe uliyemo uendelee kuhudumia na kuvuna mikorosho iliyobaki. Baraza likiona ugomvi ni mkali mno, linaweza kuteua mtu wa kati avune na fedha ziwekwe mpaka hukumu. Si njia mbaya, ingawa kwako ningependelea ile ya kwanza.

Je, itakuwaje Baraza la Kata likichelewa na siku ya greda ikakaribia? Mahakama Kuu imekuwa ikitoa zuio hata kabla ya kesi ya msingi kufunguliwa, pale sheria yenyewe inapomzuia mtu kufungua kesi mara moja. Mawakili huyaita maombi ya Mareva. Yanataka wakili anayejua anachofanya, kwa hiyo usiyafanye peke yako. Chama cha Mawakili Tanganyika, Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu na Kituo cha Msaada wa Sheria kwa Wanawake vyote husaidia wasio na uwezo, na chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 wapo wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa mpaka wilayani. Ofisi ya wilaya yako itakuonyesha walipo.

Kuna njia nyingine ambayo haitumiki sana, nami naipenda kwa kesi kama yako kwa sababu haigusi umiliki hata kidogo. Katika Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, hakimu akipewa taarifa kwa kiapo kwamba mtu fulani yuko karibu kuvunja amani, anaweza kumwita ajieleze kwa nini asiwekewe dhamana ya kutunza amani. Hakimu anachunguza ukweli wa taarifa. Akiridhika, mtu huyo anasaini dhamana ya fedha, pengine na wadhamini, kwamba kwa muda utakaopangwa hatafanya fujo. Akikataa kusaini, anaweza kuwekwa ndani. Akisaini kisha akavunja, fedha inakwenda na wadhamini wanatafutwa. Hakuna anayeulizwa habari za baba mkwe wala karatasi za mauzo. Swali ni moja: je, kuna hatari ya watu kuumizana? Mwombe mkuu wa upelelezi wa wilaya au mwendesha mashtaka aipeleke, au nenda mwenyewe mahakama ya wilaya ukatoe taarifa kwa kiapo.

Ila fahamu kwamba panga hili linakata pande mbili. Hakimu akisikia kwamba na wanao wananoa silaha, atawaita nao wasaini. Na mimi nasema wasaini. Kijana aliyesaini dhamana ya amani mbele ya hakimu ana sababu ya heshima ya kumwambia mjomba wake "mimi siwezi kwenda huko".

Mkuu wa Wilaya pia usimsahau. Ndiye mwenyekiti wa kamati ya usalama ya wilaya, na sheria inampa uwezo wa kuamuru mtu akamatwe akiona amani iko hatarini, ilimradi afikishwe mahakamani ndani ya saa 48 au aachiwe. Barua yako kwake iwe ya tishio la fujo tu. Usimwombe aamue shamba ni la nani, hana mamlaka hayo. Na akija kwenye mkutano wa hadhara akasema "kuanzia leo hakuna mtu kugusa shamba hili", mshukuru, kisha uendelee kutafuta zuio la baraza, kwa maana neno la mkutanoni halimfungi mnunuzi kama inavyomfunga amri ya baraza. Anayevunja zuio halali anaweza kukamatiwa mali na kufungwa kama mfungwa wa madai.

Kuna mashimo mawili ambayo yamezika kesi nyingi nzuri kuliko yako, nikuonyeshe ulipo mdomo wake.

La kwanza ni mirathi. Shamba ulilichuma pamoja na mumeo, lakini yeye ameshafariki, na kama hakuna msimamizi wa mirathi, wakili wa mnunuzi atasimama siku ya kwanza na kusema huna miguu ya kusimamia mali ya marehemu. Fungua mirathi mahakama ya mwanzo sasa hivi, sambamba na haya mengine. Utahitaji cheti cha kifo na muhtasari wa kikao cha ukoo. Shemeji akigoma kuitisha kikao, mweleze hakimu hivyo hivyo, maana kikao cha ukoo ni msaada kwa mahakama, ukoo hauna kura ya turufu. Wakati huo huo, katika kiapo cha zuio jitaje kwa nafsi yako: wewe ndiwe unayeishi humo na kulilima tangu 2004, na ni haki yako mwenyewe inayoguswa. Sheria zetu za ardhi za mwaka 1999 zinasema haki ya mwanamke kupata, kumiliki na kutumia ardhi ni sawa na ya mwanamume yeyote. Shemeji akikuambia "wewe umekuja tu kuolewa", hilo ndilo jibu lake.

La pili ni nani wa kumshtaki. Utasikia ushauri kwamba uiunganishe serikali ya kijiji kwa sababu mwenyekiti aligonga muhuri kwenye mauziano. Subiri. Tangu mabadiliko ya mwaka 2020, ukiishtaki serikali ya mtaa unatakiwa kutoa notisi ya siku 90, umuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na kesi iende Mahakama Kuu. Kwa kumwongeza mtu mmoja kwenye orodha, utakuwa umejiondoa kwenye baraza la wilaya na kujipa siku tisini za kusubiri greda. Mshtaki shemeji na mnunuzi. Mwenyekiti wa kijiji mwite kama shahidi.

Kuhusu mauzo yenyewe nisiseme mengi, hilo ni swali la umiliki na lina siku yake. Ila ujue kwamba ardhi ya kijiji haiuzwi kwa makubaliano ya watu wawili chini ya mwembe. Inataka idhini ya Halmashauri ya Kijiji, na Mahakama ya Rufani imeshabatilisha mauzo yaliyokosa idhini hiyo. Muhuri wa mwenyekiti peke yake si kikao cha halmashauri. Omba kwa mtendaji nakala ya muhtasari wa kikao kilichopitisha mauzo. Kama hakipo, hiyo ni hoja yako nzito ya kwanza, lile sharti la 1969. Hoja ya miaka kumi na miwili ipo pia, kwamba aliyekaa nje muda wote huo amechelewa kudai. Shemeji atajibu kwamba mlikuwa wageni waalikwa wa baba yake, na mgeni mwalikwa hamiliki hata akikaa miaka mia. Usiitegemee peke yake.

Ushahidi wa kwamba ni wewe uliyemo, nao ndio moyo wa zuio, unao nyumbani bila kujua. Stakabadhi za chama cha msingi ulizouzia korosho kila msimu. Usajili wako wa mkulima katika Bodi ya Korosho, unaotaja shamba na mikorosho, ule unaopatia salfa ya ruzuku. Majirani wa mipaka yote minne, ambao waandike kila mmoja kwa mkono wake, wasisaini karatasi moja iliyochapwa steshenari mjini. Na visiki kumi na kimoja. Mwite mwenyekiti wa kitongoji ahesabu pamoja nawe kabla havijachipua au kung'olewa, aandike tarehe, asaini. Usiing'oe nguzo hata moja. Nguzo ile ni ushahidi wako, na ukiing'oa inakuwa ushahidi wake.

Zuio likitoka, kazi inabaki nusu. Amri iliyoko kwenye jalada haijamzuia mtu. Mpelekee mnunuzi nakala kwa mkono wa mpeleka nyaraka wa baraza, asaini au shahidi aandike kwamba amekataa. Mpelekee shemeji. Peleka kituo cha polisi, kwa mtendaji wa kijiji na wa kata, kwa polisi kata. Nyingine ibandike mbao za matangazo ofisi ya kijiji. Dereva wa greda naye awe na yake, akija. Madereva wa greda ni watu wenye familia, na mara nyingi hakuna aliyewaambia wanakwenda kufukua nini. Nimemwona mmoja akiisoma amri juu ya tairi, akazima injini, akampigia simu bosi wake kwamba yeye harudi.

Na wakija kabla ya zuio? Usimame nje ya njia ya mashine. Piga simu polisi, piga simu kwa mtendaji, waite wazee wa kijiji na mwenyekiti wa kitongoji waje wakiwa mikono mitupu. Rekodi kwa simu: nyuso, namba ya greda, sauti. Mti uliokatwa unathaminiwa na mthamini na kulipwa. Baada ya hapo ombi lako la zuio litasikilizwa haraka zaidi, maana tishio halitakuwa maneno tena.

Wanao wape kazi leo hii, wasikae kibarazani na jiwe la kunolea. Mkubwa aende na mwenyekiti wa kitongoji akahesabu visiki na kupiga picha za kaburi na nguzo. Mdogo azunguke kwa majirani wa mipaka minne na daftari. Wewe uanzie kituoni, utoke hapo na RB, kisha Baraza la Kata kabla hawajafunga. Ukipata namba ya shauri niandikie tena, nitakusomea kiapo chako kabla hujakila.